Jinsi ya kuomba kontena lililozuiliwa bandarini kwa tuhuma za dawa za kulevya liachiliwe

Kontena likizuiliwa kwa tuhuma za dawa za kulevya, wenye mizigo wengi hukimbilia kuandika barua ndefu ya kujitetea: kampuni ni ya siku nyingi, kodi inalipwa, hakuna mkurugenzi aliyewahi kushtakiwa. Barua ya namna hiyo huingia kwenye jalada na kulala humo. Mpelelezi hachunguzi tabia yako. Anatafuta saa na mahali ambapo mlango ungeweza kufunguliwa kati ya ghala la muuzaji na yadi ya bandari. Ombi linalofanya kazi ni lile linaloziba saa hizo, moja baada ya nyingine, kwa karatasi.

Fomu na siku za mwisho hutofautiana nchi kwa nchi. Mpangilio wa kazi hautofautiani sana, kwa kuwa nchi nyingi zimeridhia Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa 1988 dhidi ya biashara haramu ya dawa za kulevya, na vikosi vingi vya kukagua makontena vimefunzwa chini ya mpango wa UNODC (ofisi ya Umoja wa Mataifa ya dawa za kulevya na uhalifu) na Shirika la Forodha Duniani ulioanza 2004.

Hatua ya 1: Jua zuio ni la nani

Mfumo wa bandari huonyesha tu kwamba mzigo umezuiliwa. Nyuma ya taarifa hiyo panaweza kuwa na mazuio matatu kwa pamoja: la forodha, la kikosi cha dawa za kulevya, na la kampuni ya meli inayodai malipo. Kila ofisi huondoa la kwake tu. Mawakala wengi hupata barua ya forodha, wakatuma lori, kisha lori likageuziwa langoni kwa sababu zuio la polisi lilikuwa halijafutwa.

Omba notisi ya maandishi. Iwe na tarehe, namba ya jalada, kifungu cha sheria, na ieleze kinachoshikiliwa ni kontena, mzigo au vyote viwili. Kisha tofautisha mambo matatu ambayo watu huyachanganya. Kontena likichaguliwa kwa ukaguzi, huna cha kuomba, timiza unachoagizwa. Likizuiliwa, unaomba liachiliwe. Likikamatwa rasmi, unawasilisha pingamizi au dai la umiliki, na siku za kufanya hivyo zimeshaanza kuhesabiwa tangu ukabidhiwe notisi. Fomu ya zuio ikipelekwa kwenye shauri la ukamataji hurudishwa, na siku zako zinakuwa zimekwenda.

Ukikutana na kimya, usipeleke watu yadini kupeleleza. Ibara ya 11 ya Mkataba wa 1988 inaruhusu shehena inayoshukiwa kuachwa iendelee na safari chini ya uangalizi, na ofisa anayejua hilo hawezi kukueleza. Anayeuliza makarani na madereva kuhusu kontena hilo huishia kuandikwa yeye mwenyewe.

Hatua ya 2: Funga mdomo kwa muda, fungua jalada

Kabla ya mtu yeyote wa kampuni kutoa maelezo, tafuta wakili. Wakati huohuo toa agizo la maandishi kwamba hakuna barua pepe, ujumbe wa simu wala picha ya mzigo huo itakayofutwa. Kufuta hata kitu kisicho na maana huonekana kama kuficha, na huwezi kulieleza ukaeleweka.

Picha za upakiaji ziombe kwa muuzaji zikiwa faili halisi kutoka kwenye kamera au simu iliyopiga. Zikitumwa kupitia WhatsApp kama picha za kawaida hubanwa na kupoteza taarifa za tarehe na mahali zilizofichwa ndani ya faili, na hapo thamani yake kama ushahidi inapungua sana.

Hatua ya 3: Jenga mlolongo wa mikono

Andika kila mkono uliogusa kontena tangu likiwa tupu: nani alilichukua yadini, nani alilikagua kabla ya kupakia, nani alipakia, nani alifunga lakiri (kifungo chenye namba kinachowekwa mlangoni), dereva gani alibeba, alisimama wapi, lililala bandari gani, lilishushwa kwenye meli ya pili wapi na kwa siku ngapi. Kila mstari uambatane na karatasi: hati ya kupokea kontena tupu, orodha ya upakiaji, tiketi ya mizani, rekodi ya GPS ya lori, hati ya shehena, manifesti (orodha ya mizigo ya meli). Pasipo na karatasi, andika wazi kwamba hapana. Pengo ulilolitaja mwenyewe halikuumizi kama pengo alilolifukua mpelelezi.

Namba ya kontena ina herufi 4 na tarakimu 7. Tarakimu ya mwisho ni ya ukaguzi na hupigwa hesabu kutokana na herufi na tarakimu zilizotangulia. Karani akikosea herufi moja kwenye ombi, mfumo hulikataa au, vibaya zaidi, ombi linafungwa kwenye jalada la kontena la mtu mwingine.

Lakiri ndiyo ya kukaa nayo. Kwa shehena za baharini hutumika lakiri ya chuma ya kiwango cha ISO 17712, ile yenye herufi H: msumari mnene unaoingia kwenye kikombe chake na haufunguki bila kukatwa. Ukaguzi wake una vitendo vinne: itazame, linganisha namba, ivute, izungushe. Namba iwe ileile kwenye hati ya shehena, kwenye picha ya muuzaji na kwenye ripoti ya kushusha melini. Kwenye lakiri zenye namba pande zote mbili, msumari na kikombe visomeke sawa.

Sasa angalia mpini wa mlango wa kulia, pale lakiri inapokaa. Mpini umeshikwa kwa ribiti. Ribiti inayong'aa kati ya nyingine zilizoshika kutu, au rangi mbichi kuizunguka, inaeleza kwamba mtu aliung'oa mpini, akafungua mlango, na lakiri ikabaki nzima. Kwa hiyo usiandike kamwe kwamba “lakiri ilikuwa nzima, hivyo kontena halikufunguliwa.” Andika kwamba lakiri ilionekana nzima, kisha uombe ripoti ya ukaguzi ieleze hali ya mpini, ribiti, bawaba na fito za kufungia.

Usisahau namba ya siri ya kutolea kontena. Ripoti ya 2023 ya Europol, shirika la polisi la Umoja wa Ulaya, kuhusu bandari za Antwerp, Hamburg na Rotterdam ilionyesha jinsi magenge yanavyopata namba hizo na kuchukua kontena kama wenyewe. Orodhesha kila aliyetumiwa namba yako, kwa njia gani, saa ngapi. Kama iliwekwa kwenye kundi la simu lenye watu arobaini, sema hivyo.

Hatua ya 4: Patanisha uzito

Tangu Julai 1, 2016, kanuni za SOLAS, mkataba wa kimataifa wa usalama baharini, zinadai kila kontena lililopakiwa liwe na uzito uliothibitishwa kabla ya kupanda melini. Uzito huo hupatikana kwa kupima kontena zima, au kwa kujumlisha mzigo, paleti, vizuizi na kontena tupu. Tuseme mzigo ni kilo 21,450, paleti na vizuizi 380, kontena tupu 2,250 kama ilivyoandikwa mlangoni. Jumla ni 24,080. Mizani ya bandari ya kushushia ikisoma 24,160, kuna kilo 80 za kueleza.

Kilo 80 zinaweza kutokana na mizani tu, au na mbao zilizonyonya unyevu baharini. Vilevile zinatosha kuwa mabegi matatu ya mtu mwingine. Ambatanisha cheti cha mizani ya kule mzigo ulikotoka na utaje ni njia ipi kati ya hizo mbili ilitumika. Asiyetaja hulazimisha mpelelezi akisie, naye hukisia upande mbaya.

Hatua ya 5: Andika ombi

Anayeomba awe na haki ya mzigo. Kama hati ya shehena imeandikwa “kwa amri”, mwenye haki ni anayeshika nakala halisi iliyosainiwa mgongoni, hata kama ankara ina jina la kampuni nyingine. Hati ya kiapo isainiwe na mtu aliyeshuhudia anachokiapia: msimamizi wa ghala aape kuhusu upakiaji, dereva kuhusu safari. Kiapo cha wakala aliyesimuliwa kila kitu kwa simu hakibebi uzito.

Ombi lenyewe lisizidi kurasa mbili, viambatisho vikiwa na namba. Usiombe jambo moja tu. Omba kwa ngazi:

“Tunaomba kontena namba …, lililozuiliwa tarehe … kwa notisi namba …, liachiliwe pamoja na mzigo wake. Endapo hilo haliwezekani kwa sasa, tunaomba mzigo upakuliwe mbele ya ofisa wa forodha na mwakilishi wetu, uhamishiwe ghala la forodha, na kontena tupu lirudishwe kwa kampuni ya meli. Endapo hilo nalo haliwezekani, tunaomba sampuli zichukuliwe kwa idadi iliyotajwa kwenye kiambatisho cha 6, kishikiliwe tu kile kinachohitajika kama kielelezo, na sehemu iliyobaki iachiliwe.”

Ofisa ambaye hawezi kukupa la kwanza mara nyingi anaweza kukupa la pili bila kumuuliza mkubwa wake.

Kontena la baridi linahitaji aya yake. Sehemu ya mashine na njia za hewa ni maficho yanayojulikana, hivyo zitafunguliwa. Omba lisichomolewe umeme, lifunguliwe kwenye ghala baridi, na rekodi ya joto ichapishwe kabla na baada. Kama mzigo ulifukizwa, ambatanisha cheti na uandike jina la gesi kwa herufi kubwa juu ya ombi: fosfini au methili bromidi kwenye kontena lililofungwa huweza kumuua mkaguzi, na lazima lipitishwe hewa kwanza.

Kama kilichozuiliwa ni kemikali, swali ni lingine kabisa. Asetoni, toluini, asidi ya salfuriki na asidi ya haidrokloriki ni bidhaa halali za viwandani, lakini zimo kwenye orodha ya kemikali bashirifu (zinazoweza kutumika kutengeneza dawa za kulevya) ya Mkataba wa 1988, na pamanganeti ya potasiamu pia. Hapo kinachotakiwa ni kibali cha uingizaji, jina la kiwanda kitakachotumia, na kiasi kinacholingana na matumizi yake.

Hatua ya 6: Ukaguzi na sampuli

Omba kuwapo wakati wa kufungua. Uliza jambo moja ambalo ripoti nyingi hulipitia haraka: kitu kilikutwa wapi hasa. Mabegi yaliyotupwa juu ya mzigo karibu na mlango, pengine na lakiri ya ziada ndani yake, huashiria watu wa bandarini waliotumia kontena lako kama basi. Kitu kilichofungwa ndani ya katoni zako, safu ya sita kutoka mlangoni, huashiria mahali pa kupakia. Utetezi wako wote unaweza kusimama juu ya mita hizo.

Kwa mzigo wa unga au majimaji, kipimo cha rangi cha papo hapo ni cha kuashiria tu. Kile cha kobalti hugeuka buluu kwa kokeini, lakini hata lidokeini inaweza kukibadilisha. Omba uthibitisho wa maabara. Kuhusu idadi, njia iliyozoeleka ya UNODC ni hii: vifurushi chini ya 10 hupimwa vyote, 10 hadi 100, huchaguliwa 10, zaidi ya hapo, kipeuo cha pili cha idadi, kikiongezwa hadi namba kamili. Mifuko 640 inatoa 26. Kila sampuli igawanywe, ifungwe kwa lakiri, na sehemu moja itunzwe kwa ajili ya kupimwa upya.

Hatua ya 7: Gharama zinazokimbia

Tozo za yadi na za kuchelewesha kontena hazisimami kwa sababu umezuiliwa na serikali. Siku unayopata notisi, ndiyo siku ya kuiandikia kampuni ya meli na bandari kuomba siku za nyongeza, ukiambatanisha notisi hiyo. Baada ya kuachiliwa omba barua ya forodha inayotaja tarehe ya kuanza na kuisha kwa zuio. Bila barua hiyo maombi ya msamaha hukataliwa hata pale kila mtu anapojua ukweli.

Dawa zikikutwa kweli, kontena huwa kielelezo na ombi huhamia mahakamani. Hata hapo Ibara ya 5 ya Mkataba inasema utaifishaji usiathiri haki za mtu mwingine mwenye nia njema. Omba mzigo usiohusika upigwe picha, uchukuliwe sampuli na urejeshwe, hasa kama unaoza.

Mzigo ukiachiliwa, usitazame barua pekee. Wakaguzi walikata lakiri ya mwanzo na kufunga yao, yenye namba tofauti na ile ya hati ya shehena. Hakikisha namba mpya na ya zamani zote zimeandikwa kwenye hati ya kutokea langoni, zikiwa na muhuri, kabla dereva hajawasha gari. Zisipokuwapo, mizani ya kwanza barabarani italisimamisha tena.