Safari ya siku moja kwenda Mungomi wa Kolo: namna ya kuipanga kutoka Dodoma

Mtu anayesimama kwa mara ya kwanza chini ya mwamba wa Mungomi wa Kolo, mlima wa Kondoa wenye michoro ya kale, mara nyingi huona madoa mekundu tu, hupiga picha mbili, huuliza kama hayo ndiyo yaliyosifiwa, kisha huanza kuteremka. Mimi nilifanya hivyo katika safari yangu ya kwanza. Tulifika mlimani jua likiwa utosini, tumechoka, tumechelewa, na kijana aliyetupandisha hakuwa amepewa kazi hiyo na ofisi ya mambo ya kale, bali tulimwokota njiani kwa kuwa tuliona tutaokoa fedha. Nimerudi huko mara kadhaa tangu wakati huo, na kila mara nimezidi kuamini kwamba safari hii huharibika au hufanikiwa kabla hujafika kwenye mwamba. Somo hili nimeliandika kwa ajili ya wanachama wa kikundi chetu cha kutembelea mambo ya kale, hasa wale walioishi Dodoma miaka mingi bila kwenda Kolo hata siku moja.

Michoro ya miambani ya Kondoa iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 2006. Eneo lililotambuliwa lina ukubwa wa kilomita za mraba 2,336, nalo limeenea katika miteremko ya mashariki ya ukingo wa Bonde la Ufa, ambako mawe makubwa yaliyoinama yamefanya vivuli kama vibaraza vya nyumba. Vivuli vyenye michoro ni zaidi ya 150. Usijaribu kuvimaliza. Kwa siku moja, mlima mmoja unatosha, na mlima ninaoupendekeza kwa anayeanza ni Mungomi.

Hatua ya kwanza ni kuchagua siku. Mvua za kwetu huanza mwishoni mwa Novemba au Desemba na kuendelea hadi Aprili, na katika miezi hiyo makorongo ya Kolo hujaa maji na njia ya kwenda mlimani huwa tope. Nenda kati ya Juni na Oktoba. Siku ya katikati ya wiki ni bora kuliko Jumamosi, kwa kuwa mwongozaji asiye na makundi mengine yanayomsubiri hutembea na kueleza kwa utulivu.

Hatua ya pili ni usafiri. Kolo iko takriban kilomita 180 kaskazini mwa Dodoma, kando ya barabara kuu ya kwenda Babati na Arusha, mbele kidogo ya mji wa Kondoa. Barabara ya lami ya Dodoma hadi Babati, yenye urefu wa kilomita 251, ilizinduliwa mwaka 2018, na tangu hapo safari ambayo wazee wetu waliifanya kwa siku nzima ya vumbi imekuwa ya saa chache. Ondokeni saa kumi na moja alfajiri, wala si saa moja asubuhi. Tofauti ya saa hizo mbili ndiyo tofauti ya kupanda mlima kukiwa na ubaridi au kuupanda jua likichoma, kwa maana baada ya kufika Kolo bado kuna njia ya vumbi ya kilomita zipatazo tisa kwenda upande wa mashariki, yenye mchanga na mawe, ambayo gari dogo la chini halifai kuipita. Mkikodi gari, kodini lenye chasisi ya juu na nguvu ya magurudumu yote manne. Mkienda kwa basi, shukeni Kolo na kukubaliana na waendesha bodaboda nauli ya kwenda, kusubiri na kurudi, kabla hamjapanda.

Msilale njiani. Mkikaribia Kondoa mtaona ardhi nyekundu iliyochimbika makorongo yenye kina kirefu, na pembeni yake vilima vilivyofunikwa tena na vichaka na miti. Huu ni ushahidi wa kazi ya mradi wa Hifadhi Ardhi Dodoma, yaani HADO, iliyoanza mwaka 1973, na ya uamuzi mgumu wa mwaka 1979 wa kuiondoa mifugo yote katika eneo lililoharibika zaidi. Wafugaji waliumia kwa uamuzi ule, na wapo wanaousimulia kwa uchungu hadi leo, lakini uoto ulirudi. Ninawaomba mlitazame jambo hili kwa sababu michoro mnayoiendea inaonyesha twiga, tembo na pofu, na anayeona nchi ilivyobadilika katika umri wa mtu mmoja ataelewa vizuri zaidi ilivyobadilika tangu rangi zile zilipopakwa.

Hatua ya tatu ni kusimama katika ofisi ya mambo ya kale iliyopo Kolo, na hatua hii hairukwi. Hapo mtajiandikisha, mtalipa ada na kupewa stakabadhi, kisha mtapewa mwongozaji anayeruhusiwa kuwafikisha mlimani. Ulizeni viwango vya ada kabla ya kuondoka Dodoma, kwa kuwa raia, wanafunzi na wageni hawatozwi sawa. Mwambieni mwongozaji mapema mna muda kiasi gani, nani kati yenu ana matatizo ya magoti au pumzi, na kwamba mnataka kutazama taratibu. Mwongozaji mzuri hupanga njia kwa kufuata maneno hayo.

Hatua ya nne ni kupanda. Njia ni fupi lakini imesimama, ina mawe yanayoteleza na miiba. Vaeni viatu vilivyofunika mguu, suruali ndefu au gauni lisilonasa, na kofia. Kila mmoja abebe maji yake mwenyewe, yasiyopungua lita mbili, pamoja na chapati, karanga au chochote kisichoharibika kwa joto.

Hatua ya tano, ambayo ndiyo kiini cha somo hili, ni kutazama. Mkifika chini ya mwamba, kaeni. Msitoe simu. Macho yaliyotoka kwenye jua yanahitaji dakika kadhaa kuzoea kivuli, na michoro mingi ni ya rangi nyekundu iliyopauka juu ya jiwe ambalo lenyewe lina wekundu, hivyo haiwezi kuonekana na mtu mwenye haraka. Mwachie mwongozaji aelekeze mstari mmoja kwa mkono bila kuugusa: mgongo wa mnyama, shingo, mguu. Ukishaupata mnyama mmoja, wa pili hujitokeza karibu yake, kisha unagundua kwamba ulichodhani ni ufa wa jiwe ni mtu mwembamba, mrefu kupita kiasi, mwenye kichwa kikubwa cha duara ambacho wengine hukiona kuwa nywele zilizotimka na wengine kuwa kinyago. Mara nyingi watu hao wamechorwa juu ya wanyama wa zamani zaidi, na wanyama juu ya wengine, kwa sababu ukuta uleule ulirudiwa na vizazi vingi. Rangi nyekundu ilitokana na udongo wenye chuma uliosagwa na kuchanganywa na kitu chenye kunata, kama mafuta ya wanyama.

Mkishaizoea michoro myekundu, tafuteni myeupe. Hiyo imepakwa kwa unene, mara nyingi kwa kidole, nayo ni ya baadaye. Wataalamu huihusisha na wakulima waliofika sehemu hizi baada ya wawindaji. Aliyenakili michoro ya Kondoa kwa bidii kubwa ni mwanaakiolojia Mary Leakey, aliyefanya kazi hiyo mwaka 1951, akikaa mbele ya mwamba mmoja kwa siku nyingi hadi kila mstari ulipoonekana. Sisi hatuna siku nyingi, lakini dakika arubaini katika kivuli kimoja tunazo, na ninaziona kuwa za thamani kuliko kukimbizana katika vivuli vyote vitatu vya Mungomi. Anayetaka kuvifikia vyote avifikie, mradi aanze na hizo dakika arubaini.

Hatua ya sita ni adabu. Usiguse mchoro, kwa kuwa jasho na mafuta ya ngozi huiharibu rangi. Usimwage maji juu ya jiwe ili mchoro ung'ae kwenye picha; mwenzetu mmoja alifanya hivyo katika safari ile ya kwanza, na hakuna kati yetu aliyemzuia, jambo linalonisikitisha hadi sasa. Usiwashe moto, usiandike jina lako, usiokote jiwe lolote. Anzeni kuteremka kabla ya saa tisa alasiri ili giza lisiwakute katika njia ya vumbi.

Maswali ya wanachama

Mwanachama wa Chang'ombe: Mwalimu, shikamoo. Mimi ni mtu wa dini, nimesikia kwamba pale panafanyika matambiko. Je, ni sawa mimi kwenda?

Marahaba. Ni kweli kwamba Mungomi ni mahali pa ibada za jadi hadi leo. Warangi, ambao ni wenyeji wa Kondoa, wengi wao ni Waislamu, lakini wapo wazee na waganga wanaopanda mlima kuomba mvua na tiba, na pengine utakuta alama za pombe ya kienyeji iliyonyunyizwa karibu na mwamba. Mgeni hatakiwi kushiriki lolote. Unachotakiwa ni kusema kwa upole, kutocheka, na kusubiri pembeni kama mwongozaji atakwambia kwamba wapo watu wanaoomba. Wapo pia wahifadhi wanaohofia kwamba pombe inaufifisha mchoro, na hoja yao ina uzito. Hata hivyo, sioni haki ya mtu wa Dodoma mjini kwenda kuwafukuza wenye mlima kwa jina la kuuhifadhi mlima wao. Suala hilo lizungumzwe na wazee wa Kolo wenyewe pamoja na wataalamu.

Mwanachama wa Nkuhungu: Ni nani hasa aliyechora? Watoto wangu wataniuliza.

Waambie kwamba michoro haina sahihi ya mchoraji, na kwamba kazi hii ilifanyika kwa kipindi kisichopungua miaka 2,000. Ile myekundu huhusishwa na watu walioishi kwa kuwinda na kukusanya, na watafiti wengi wamewahusisha watu hao na Wasandawe, jirani zetu wa Chemba, ambao lugha yao ina sauti za vidoko, zinazopigwa kwa ulimi. Waeleze pia kwamba watu walikuwapo hapa muda mrefu zaidi: katika kivuli cha Kisese, kilichochimbwa mwaka 1956 na mwanaakiolojia Ray Inskeep, zilipatikana shanga za maganda ya mayai ya mbuni, na vipimo vinaonyesha kwamba tabaka za chini zina zaidi ya miaka 40,000.

Mwanachama wa Ipagala: Nimeambiwa kwamba kuna dhahabu ya Wajerumani imefukiwa chini ya miamba ile. Kuna ukweli wowote?

Hakuna dhahabu, ndugu yangu, na uvumi huo umefanya madhara makubwa. Kondoa ilipiganiwa kweli: Mei 1916 majeshi ya Wajerumani na yale ya upande wa Uingereza yalipambana vikali Kondoa Irangi, na baadaye watu walianza kusimulia kwamba Wajerumani waliorudi nyuma walificha mali na kuweka alama kwenye mawe. Kwa sababu hiyo wapo waliochimba mashimo ndani ya vivuli vyenye michoro, wakavuruga tabaka za udongo ambazo mwanaakiolojia angezisoma kama kurasa. Udongo uliokwisha kuvurugwa haurudi katika mpangilio wake, hata ukirudishwa shimoni. Ukisikia mtu anapanga safari ya aina hiyo, mwarifu mwongozaji au ofisi ya Kolo.

Mwanachama wa Area D: Mama yangu ana umri wa miaka sabini na miwili. Je, ataweza kupanda?

Kama anatembea vizuri na hana tatizo la moyo, anaweza kwa kupumzika kila baada ya hatua chache, akiwa na fimbo na mtu wa kumshika mkono. Lakini kabla hamjaanza kupanda, mweleze mwongozaji hali ya mama, kisha umwombe achague kivuli kisicho na mwinuko mkali. Zipo sehemu nyingine, kama Pahi, inayojulikana kwa michoro yake myeupe, na mwongozaji ndiye anayejua ni ipi inayofikika siku hiyo. Mpe mama heshima ya kuamua mwenyewe akishafika chini ya mlima.

Mwanachama wa Kikuyu: Picha za simu zinaruhusiwa? Zangu zote zilitoka na wekundu mtupu.

Picha za kumbukumbu zinaruhusiwa, ila usitumie mwanga wa simu. Kama unakusudia filamu au picha za biashara, omba kibali kwanza. Wekundu ulioupata unatokana na kupiga wakati jua linaangaza jiwe moja kwa moja. Subiri wingu lipite, au mwenzako asimame akiweka kivuli kwa kitambaa bila kukigusisha ukutani, kisha piga kutoka mbali kidogo na kuikuza picha baadaye nyumbani. Kabla ya hapo, chora mwenyewe kwa penseli katika daftari kile unachokiona. Mwanafunzi mmoja niliyekwenda naye alichora twiga kwa namna hiyo, na alipofika kwenye miguu alitambua kwamba ilikuwa sita; ndipo sote tulipomwona mnyama wa pili aliyesimama nyuma ya wa kwanza.