Rahisisha kipeuo kabla ya kuamua

Jioni moja hapa Ujiji, mpwa wangu wa kidato cha kwanza aliitazama √48/√75, akaandika papo hapo kuwa si namba wiani (namba inayoandikika kama sehemu yenye namba kamili juu na chini), kwa sababu 48 na 75 zote hazina kipeuo cha pili kilicho namba kamili. Kosa hilo huepukika ukiivunja kila namba kuwa vigawo tasa na kutoa nje ya alama ya kipeuo kila jozi ya vigawo vinavyofanana: 48 ni 2×2×2×2×3, hivyo √48 ni 4√3, na 75 ni 3×5×5, hivyo √75 ni 5√3, √3 ya juu na ya chini zinafutana, na kinachobaki ni 4/5, namba wiani isiyo na ubishi. √50, kwa upande wake, hubaki 5√2, na kwa kuwa 2 imekosa mwenzake, hiyo si namba wiani. Kikokotoo mimi sikitegemei hapa, maana hukata desimali, √2 ikasomeka 1.414213562 kana kwamba imeishia hapo. Jihadhari pia na nukta: √0.04 ni 0.2, lakini √0.4 ni 2/√10, ambayo haiandikiki kamwe kama sehemu yenye kiasi na asili vilivyo namba kamili.