SOMO: Jinsi ya kuthibitisha kuwa wewe ni mrithi halali (Tanzania)

Ndugu zangu, kila mzee akifariki akaacha nyumba, haipiti muda anatokea mtu wa kusema "huyu hatumjui." Mahakama haitakuuliza ulimlilia marehemu kiasi gani. Itauliza una nini mkononi.

1. Cheti cha kifo kutoka RITA, wakala wa serikali unaosajili vizazi na vifo. Kibali cha mazishi peke yake hakitoshi.

2. Vithibitisho vya uhusiano. Hapa ndipo kesi nyingi zinapofia. Kwa mtoto, cheti cha kuzaliwa chenye jina la baba ndicho nguzo. Kama hukusajiliwa utotoni, RITA wanasajili hata mtu mzima. Peleka cheti cha ubatizo, kadi ya kliniki, cheti cha shule, barua ya mtendaji. Ongeza chochote ambacho marehemu mwenyewe alikiandika: fomu ya mafao alikokutaja kuwa mtegemezi, au fomu ya shule aliyosaini kama mzazi. Karatasi aliyoijaza akiwa hai, kabla ya ugomvi, ina uzito kuliko mashangazi kumi wanaoapa leo. Mjane aje na cheti cha ndoa.

3. Kikao cha ukoo. Muhtasari uonyeshe waliohudhuria na saini zao, warithi wote, na anayependekezwa kuwa msimamizi wa mirathi. Ni pendekezo tu. Anayeteua ni mahakama.

4. Fungua shauri. Mahakama ya Mwanzo inapokea mirathi inayofuata mila au sheria ya Kiislamu, kwa Fomu Na. 1, yaani fomu ya maombi ya usimamizi. Nenda ya eneo ambako marehemu alikuwa na makazi yake ya kudumu, hata kama nyumba inayogombewa iko mkoa mwingine. Mkristo ambaye maisha yake hayakufuata mila, shauri lake huenda Mahakama ya Wilaya au Mahakama Kuu.

5. Soma tangazo la mirathi. Mwenye pingamizi alilete ndani ya siku zilizoandikwa humo, na mashahidi wake.

6. Mfuatilie msimamizi. Kwa Mahakama ya Mwanzo, ndani ya miezi minne tangu ateuliwe anatakiwa kuwasilisha Fomu Na. 5, yaani orodha ya mali na madeni, kisha Fomu Na. 6 ya hesabu na mgawanyo. Usimamizi haumfanyi kuwa mwenye nyumba, ingawa wengine wakishapata barua ya uteuzi huanza kupangisha vyumba na kula kodi peke yao.

MASWALI YA WANACHAMA

Swali: Cheti changu cha kuzaliwa kinamtaja baba kama "Ally Juma", hati ya kiwanja ya baba inasema "Ali Juma Saidi". Kaka wa mama mwingine ameshikilia hapohapo.
Jibu: Kula kiapo mbele ya wakili kwamba majina yote ni ya mtu mmoja, uwe na mzee aliyemjua baba kwa majina hayo. Usikifute cheti kwa kalamu, utajiharibia.

Swali: Baba ameshazikwa. DNA inawezekana?
Jibu: Inawezekana kulinganisha sampuli zako na za ndugu zake wa damu, ila majibu huwa hayana nguvu sawa na ya kumpima yeye mwenyewe. Vipimo hufanywa na Mkemia Mkuu wa Serikali, na huwezi kuingia tu ukapimwa. Omba mahakama itoe amri. Na kwa mirathi ya Kiislamu, kuwa damu yake si lazima kumalize hoja kama hapakuwa na ndoa kati yake na mama yako, isipokuwa marehemu aliacha wasia, nao hauvuki theluthi moja.

Swali: Nimeishi na marehemu miaka tisa bila ndoa. Shemeji zangu wananifukuza.
Jibu: Pole dada. Kifungu cha 160 cha Sheria ya Ndoa ya 1971 kinatoa dhana ya ndoa, yaani huchukuliwa kuwa wameoana, kwa walioishi pamoja miaka miwili au zaidi wakajulikana kama mume na mke. Dhana hiyo huweza kupanguliwa, hasa akitokea mke wa ndoa ya Kikristo ambayo haijavunjwa. Tafuta balozi wa nyumba kumi na majirani waliowajua hivyo, na usitoke ndani ya nyumba kwa maneno ya shemeji. Waambie walete amri ya mahakama.

Swali: Hukumu imetoka bila mimi kutajwa.
Jibu: Kama ulikuwa mhusika katika shauri hilo, una siku 30 za kukata rufaa kutoka Mahakama ya Mwanzo kwenda ya Wilaya. Nakala ya hukumu iombe leo.