Kabla ya kwenda kupuliza: maandalizi ya kipimo cha mapafu

Damu unaweza kutolewa hata ukisinzia. Spirometria, kile kipimo cha kupuliza kwenye bomba, hutegemea nguvu zako mwenyewe: ukipuliza kwa kulegea, majibu yatakuonyesha mgonjwa kuliko ulivyo. Ndiyo maana maandalizi yake huanzia nyumbani.

Kama kikohozi kimefika wiki 2, makohozi yapimwe kwanza kuondoa shaka ya kifua kikuu. Aliyewahi kuugua TB aseme hata kama alimaliza dozi akapona, kwani makovu yake yanaweza kusumbua pumzi miaka mingi baadaye.

Uliza mapema kuhusu dawa za kuvuta. Salbutamol, ambayo kwa wengi ni ile pampu ya bluu, kwa kawaida husimamishwa kwa muda wa saa 4 hadi 6 kabla ya kipimo. Zinazofanya kazi kwa muda mrefu zina saa zake, kliniki ikuelekeze. Sababu ni kwamba utapuliza, uvutishwe dawa, usubiri kama dakika 15, upulize tena, ili tofauti ya kabla na baada ya dawa ionekane. Pumzi ikifunguka sana, pumu ndiyo hushukiwa zaidi. Lakini ikiwa hata baada ya dawa hewa inayotoka sekunde ya kwanza haifiki asilimia 70 ya yote uliyopuliza, daktari hufikiria ugonjwa sugu wa kuziba njia za hewa. Kifua kikibana njiani, vuta dawa yako, ukifika useme. Hakuna kipimo cha kufia.

Siku hiyo usivute sigara, usile ukavimbiwa, na mkanda usikaze. Mwenye kukohoa damu, aliyepata shambulio la moyo au kupasuliwa jicho, tumbo au kifua karibuni, aseme kabla hajashika bomba.

Dawa zako zote zitie mfukoni, na za presha zikiwemo. Propranolol inaweza kubana mirija ya hewa ya mwenye pumu, na enalapril huwaletea baadhi ya watu kikohozi kikavu. Usiziache kwa uamuzi wako, mwonyeshe daktari.

Jambo linalosahaulika kuliko yote, kwa maoni yangu, ni moshi. Mama ntilie akiulizwa, “Unavuta sigara?” hujibu hapana, na mazungumzo yanaishia hapo, ilhali ameinamia jiko la mkaa tangu usichana. Usingoje kuulizwa. Taja miaka ya kuni na mkaa, jiko kama liko ndani au uani, na vumbi la kazini, liwe la katani, la pamba au la mgodini.

Na ikiwa kabla ya tarehe hiyo unashindwa kumaliza sentensi kwa kuhema, midomo inageuka rangi, au pampu haisaidii tena, nenda hospitali muda huohuo, hata iwe usiku wa manane, ukiwa umeketi wima na pampu mkononi.