Namna ya Kuandika Historia ya Stesheni ya Pugu

Anza na reli zenyewe zinazopita Pugu, pembezoni mwa Dar es Salaam, kabla ya nyaraka, kwa sababu reli ya zamani, ambayo Wajerumani walianza kuijenga kutoka Dar es Salaam mwaka 1905 na kuifikisha Morogoro mwaka 1907, ina upana wa milimita 1,000 kati ya vyuma vyake viwili, ilhali reli ya kisasa, iliyoanza kubeba abiria hadi Morogoro mwezi Juni 2024, ina milimita 1,435, mataruma (mihimili inayolaliwa na vyuma vya reli) ya zege na nyaya za umeme juu yake. Tofauti hiyo itazame ukiwa jukwaani. Usishuke relini kamwe. Kisha waendee wazee wa Pugu, uyaandike maneno yao kama walivyoyasema, maana kumbukumbu hizo, ambazo kwangu ndizo zenye thamani kubwa zaidi, hazimo katika ramani yoyote. Kabla ya kupiga picha, omba ruhusa kwa mkuu wa stesheni.