Namna ya Kudumu katika Uigizaji kwa Kucheza Adui: Mwongozo kutoka Bagamoyo

Mwigizaji anayeanza hapa Bagamoyo, awe amepita madarasa ya TaSUBa, chuo cha sanaa cha mji huu, au amejifunza kwa kuandamana na vikundi vya mtaani, kwa kawaida hutamani kuwa staringi, na akipewa nafasi ya adui huipokea kama mtu aliyegawiwa mkia wa samaki huku wenzake wakila minofu. Nimecheza adui kwa miaka mingi, jukwaani na mbele ya kamera, na mwongozo huu ninamwandikia yule ambaye mwongozaji amemtazama usoni, akamwambia, "Wewe utakuwa yule mwenye nyumba katili," naye akarudi kwao amenuna. Asinune. Staringi hubadilishwa kila inapotokea sura mpya, lakini adui anayeijua kazi yake huitwa tena na tena, mradi aelewe jambo moja: hofu haionekani usoni mwa adui, bali usoni mwa yule anayetishwa. Kazi yako kubwa, basi, ni kumwezesha mwenzako aogope vizuri, na hakuna awezaye kuogopa vizuri mbele ya mtu asiyemwamini.

Ukipewa skripti, usikimbilie maneno yako. Soma kwanza zile sini ambazo wewe humo, ukipiga mstari chini ya kila sentensi ambayo wahusika wengine wanakutaja: mtoto anayeambiwa aingie ndani kwa sababu unapita, mvuvi anayeshusha sauti, mke wako anayesema umechelewa kurudi. Ukimaliza utagundua kwamba nusu ya ubaya wako imekwisha kufanywa na wengine kabla hujaingia, na kwamba ukiingia ukiwa umetoa macho na kukunja ndita utakuwa unatia chumvi katika mchuzi uliokwisha kukolea. Lee Van Cleef, Mmarekani ambaye wazee waliozoea filamu za makauboi wanamkumbuka kwa macho yake membamba, alianza sinema mwaka 1952 katika "High Noon" akiwa mmoja wa majambazi wanaomsubiri mkubwa wao, na hakutamka neno hata moja katika filamu nzima. Hakulihitaji, kwa kuwa mji wote ulikuwa tayari unaogopa kwa niaba yake.

Baada ya hapo tafuta jambo dogo ambalo hadhira yako, na si hadhira ya mahali pengine, italiona kuwa ni ubaya. Niliwahi kucheza mwenye nyumba anayemdai kodi mjane, na skripti ilinitaka nifoke na kuipiga teke ndoo ya maji. Wakati wa mazoezi nilimwomba mwongozaji nijaribu namna nyingine. Mjane akaingia, akainama kidogo, akasema, "Shikamoo, mzee." Nilikuwa ninamenya chungwa la Muheza kwa kisu kidogo, ganda likishuka kwa mzunguko mmoja bila kukatika, na sikuitikia. Usiku wa onyesho ganda liliendelea kushuka huku watu waliolelewa kujua kwamba shikamoo haiachwi hewani wakianza kuhangaika vitini, hata mama mmoja wa safu za mbele akashindwa kuvumilia, akapaza sauti, "Si uitikie!" Ganda lilipoanguka sakafuni ndipo nikasema, kwa upole kabisa, "Marahaba, mwanangu. Karibu chungwa." Mjane alirudi nyuma hatua moja ambayo haikuandikwa popote. Ndoo haikupigwa teke tena.

Naomba msomaji asichukue chungwa akaacha kilichofanya chungwa lifae. Ukimya ule ulibebwa na dada aliyecheza mjane, aliyesimama pale mikono yake ikiwa imeshika ncha za kanga, akijua hasa utakwisha lini, kwa sababu tulikuwa tumekubaliana kwamba ganda likigusa sakafu ndiyo ishara. Ningenyamaza kwa kujiamulia, angedhani nimesahau maneno, angenisaidia kwa kunong'ona, na sini ingekufa. Kila kimya unachotaka kukitumia, kila kusogea karibu kusikotarajiwa, mweleze mwenzako mapema. Mshtuko unaofaa ni ule wa watazamaji. Mwigizaji mwenzako akishtuka kwelikweli huyo hacheziki naye kesho.

Tabia ya hadhira yetu nayo uizoee. Watu wa pwani hawatazami mchezo wakiwa wamefunga midomo, na atakayepanda jukwaani katika Tamasha la Sanaa na Utamaduni la Bagamoyo ataitwa mwongo, mchawi, na wakati mwingine ataombewa dua mbaya waziwazi. Usiwajibu wala usitabasamu. Subiri kelele zipungue, ndipo uendelee pale pale ulipoachia. Kuhusu sauti sina mengi: ya chini inatisha, lakini katika jukwaa la wazi upepo wa bahari huimeza, kwa hiyo badala ya kuipandisha, tamka kila silabi kwa ukamilifu na uiachilie mwisho wa sentensi bila kuidondosha. Mbele ya kamera hata hilo ni kubwa mno, na huko inatosha kuacha kupepesa macho.

Sehemu inayohitaji uangalifu kuliko zote ni mapigo. Kofi la jukwaani hutawaliwa na anayepigwa. Mnasimama mkiwa mmetengana kiasi kwamba mkono wako ukinyooka haufiki shavuni. Mnatazamana machoni, ambayo ndiyo ruhusa. Mkono wako unapita hewani kwa kasi, naye anageuza shingo na kupiga viganja vyake mwenyewe karibu na kifua, mahali ambapo watazamaji hawaoni, na mlio ule ndio wanaousikia kama kofi. Katika kukaba, mikono yako hulala juu ya mifupa ya mabega yake, kamwe si kooni, naye hukushika vifundo vya mikono kana kwamba anajinasua, ilhali ukweli ni kwamba yeye ndiye anayeiongoza mikono hiyo na ndiye atakayeitoa akitaka. Ujanani nilikuwa na haraka ya kuonekana hodari, na siku moja, katika kikundi ambacho sitakitaja, niliongeza nguvu usiku wa onyesho bila kumwambia mtu. Mwenzangu aliumia mdomo. Watazamaji walishangilia, lakini kwa mwaka mzima baada ya hapo hakuna mwigizaji wa kike aliyekubali kusimama nami, na adui asiye na wa kumtisha ni mtu amevaa kanzu nyeusi tu.

Ukicheza na mtoto, mwache akae karibu nawe unapopakwa rangi usoni, akushikie kioo, aulize maswali yake yote. Atalia vizuri zaidi akijua kwamba ukitoka pale utamnunulia kashata.

Mji wetu ni mdogo na watu wake hawatofautishi haraka kati ya mtu na mhusika. Filamu niliyocheza nikimdhulumu mjane kiwanja ilipoanza kuonyeshwa katika vibanda vya video, mama muuza samaki ambaye nilikuwa mteja wake wa miaka mingi alinigeuzia mgongo, akawa anawapa wengine changu huku mimi nikisimama na kikapu changu. Sikukasirika, wala sikuanza kujieleza mbele ya watu, maana anayejieleza sokoni huonekana ana jambo. Nilirudi kesho yake na keshokutwa yake, nikamwamkia kwa jina la mwanawe kama siku zote, na siku ya tatu alinipimia, ingawa chenji aliihesabu mara mbili. Tafsiri yangu ni kwamba adui analazimika kuwa na adabu kuliko staringi: alipe madeni mapema na asikose msibani. Hii si kwa ajili ya sifa, bali mwongozaji anayetafuta mtu wa kucheza dhalimu huuliza kwanza kama mtu huyo ana maelewano na wenzake.

Kuhusu malipo, kumbuka kwamba sini za adui ni chache na mtayarishaji hupenda kuzitawanya. Ukilipwa kwa siku, omba zipangwe siku zinazofuatana, la sivyo utajikuta unatumia nauli ya Dar es Salaam mara sita kwa sini sita, huku ndevu zako hukuruhusiwa kuzinyoa kwa miezi miwili. Yote yaandikwe na kutiwa saini kabla ya kazi, pamoja na jinsi filamu itakavyouzwa, kwani Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inazitambua haki za mwigizaji, lakini mkataba wa mdomo ni kazi ngumu kuuthibitisha.

Usiogope kuanza umri ukiwa umesogea. Amrish Puri, adui wa filamu za Kihindi ambaye pwani hii nzima inamjua kwa jina la Mogambo, alifanya kazi katika ofisi ya bima ya serikali ya India kwa miaka mingi huku akiigiza jukwaani, na "Mr. India", filamu aliyomchezea Mogambo huyo, ilipotoka mwaka 1987 alikuwa anakaribia kutimiza miaka 55. Kichwa alikuwa amekinyoa kwa ajili ya filamu ya Marekani iliyotoka mwaka 1984, akaona kinamfaa, akaendelea nacho. Kisha mwaka 1995, katika "Dilwale Dulhania Le Jayenge", alicheza baba mkali anayemshika binti yake mkono asipande treni, na mwisho akamwachia. Ikiwa utapewa nafasi ya baba wa namna hiyo baada ya miaka ya udhalimu, ikubali, wala usiupunguze ule ukali watu waliouzoea. Kaa tu na binti huyo wakati wa mazoezi mkubaliane mkono unaachiwa kwenye neno gani.