Somo: Kupinga tenda ya serikali Kenya pale wewe ndiye unayeshikilia kandarasi inayoisha

Kandarasi yako ya usafi, ulinzi au matengenezo inakaribia kwisha, tenda imetangazwa upya, na kazi amepewa mwingine. Kuwa kazini miaka mitatu hakukupi haki yoyote juu ya tenda mpya. Sheria ya Ununuzi wa Umma na Uuzaji wa Mali ya 2015 inakupa mlango mmoja: kuonyesha kwamba taasisi iliyotangaza tenda imevunja sheria, na kwamba uvunjaji huo umekutia hasara au unaelekea kukutia.

Hatua ya 1: Hesabu siku. Una siku 14 kupeleka ombi la mapitio kwenye bodi ya mapitio ya zabuni, PPARB (kifungu cha 167). Barua ya matokeo ikikufikia tarehe 3, siku ya kwanza ni tarehe 4 na ya mwisho ni tarehe 17. Jumamosi na Jumapili za katikati zinahesabiwa.

Hapa ndipo wengi wenye kandarasi wanapoanguka. Kama kasoro imo ndani ya hati za zabuni zenyewe, kwa mfano sharti lililoandikwa kumfaa mtu mmoja, saa yako ilianza siku uliyoijua kasoro hiyo, yaani ulipochukua hati. Ukiliona sharti, ukanyamaza, ukaweka zabuni, kisha ukalalamika baada ya kushindwa, Bodi itakuambia umechelewa. Hati mpya zisomeni siku ileile zinapotoka, tena kwa kuzilinganisha na za tenda iliyopita, ukurasa kwa ukurasa.

Hatua ya 2: Tafuta sababu halisi. Barua ya matokeo lazima ikueleze kwa nini ulishindwa, nani ameshinda na kwa bei gani. Barua inayosema tu "zabuni yako haikutimiza masharti" tayari ni hoja. Omba kwa maandishi muhtasari wa tathmini, ila usiketi kuusubiri. Ombi hilo halisimamishi siku 14.

Kisha jikagueni wenyewe bila huruma. Mwenye kazi hupenda kudhani "hawa wanatujua", akaacha kuambatisha barua za ushahidi wa kazi. Kamati ya tathmini hairuhusiwi kutumia wanachokijua kukuhusu. Inatumia vigezo vilivyo kwenye hati tu (kifungu cha 80). Kosa jingine ni namba za kurasa. Sheria inataka kurasa zote ziwe na namba mfululizo. Faili ikitoka ukurasa wa 112, ikaruka viambatisho visivyo na namba, kisha ikaanza tena 113, umewapa sababu ya kukutoa mapema kabisa.

Hatua ya 3: Andika ombi. Tumia fomu iliyo kwenye Kanuni za 2020 za Sheria hiyo. Taja kifungu kilichovunjwa, tendo lenyewe, tarehe, na amri unazotaka. Ambatisha hati ya kiapo na ulipe ada. Mambo mawili yasikosekane. Mjibu maombi awe afisa mhasibu wa taasisi, yaani mkuu anayewajibika kwa fedha zake (kwa wizara ni Katibu), si taasisi peke yake. Na useme wazi hasara uliyopata au unayoelekea kupata. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufaa ilishikilia yote mawili kuwa ya lazima. Mshindi naye aunganishwe.

Hatua ya 4: Baada ya kuwasilisha. Taasisi ikishapewa taarifa, mchakato unasimama. Inajibu ndani ya siku 5 na Bodi inaamua ndani ya 21. Inaweza kufuta uamuzi, kuagiza tathmini irudiwe, au tenda ianze upya. Asiyeridhika ana siku 14 kwenda Mahakama Kuu, ambayo ina siku 45. Kisha siku 7 kwenda Mahakama ya Rufaa, nayo siku 45.

Maswali ya wanachama

*Taasisi imesaini na mshindi siku ya kumi. Tumekwisha?*
Hapana. Kifungu cha 135 kinakataza kusaini kabla ya siku 14 kupita tangu taarifa ya matokeo. Kinachofunga mlango wa Bodi ni mkataba uliosainiwa kwa kufuata kifungu hicho. Huo wenu haukukifuata. Wasilisheni sasa.

*Kesi ikiendelea tunaambiwa kwa simu tuendelee na kazi. Tuendelee?*
Msiweke mtu kazini kwa neno la simu. Dai nyongeza ya mkataba kwa maandishi, iliyosainiwa kabla mkataba haujaisha. Kiasi cha huduma kisiongezeke zaidi ya asilimia 15, na nyongeza zote kwa jumla zisizidi asilimia 25 ya bei ya mkataba (kifungu cha 139). Bila karatasi hiyo, ankara zenu zitakwama kwenye malipo.

*Mfanyakazi wa ndani ametupatia ripoti ya tathmini. Tuiambatishe?*
Msiiguse. Kifungu cha 67 kinalinda siri za mchakato, na upande wa pili utaomba itupwe. Taasisi inalazimika kuipelekea Bodi faili ya siri. Elezeni kwenye ombi ni kigezo gani mnashuku hakikufuatwa, na Bodi ikiangalie humo yenyewe.

*Tukifungua kesi ili tu tubaki kazini miezi miwili zaidi?*
Bodi inaweza kulitupa ombi lisilo na msingi lililoletwa kuchelewesha tenda (kifungu cha 172), na gharama mtabeba nyinyi. Wanaosubiri hiyo huduma pia wanaumia. Kama hamna kifungu cha kutaja, msifungue.